Kielelezo Kisichofika Mahakamani

Tuchukue mfano wa injini. Mwenye boti wa Kibirizi, Kigoma, anamkabidhi nahodha injini ya Yamaha ya nguvu farasi 40, wanakubaliana mgawo, boti inaondoka jioni. Usiku wa pili boti inakamatwa ikiwa na vitenge na mafuta ya kupikia visivyolipiwa ushuru, au ikiwa na nyavu zinazodaiwa kuibwa kambi nyingine. Nahodha anawekwa ndani, injini inafunguliwa na kupelekwa kituoni. Mwenye mali usiku huo alikuwa amelala kwake Ujiji. Hakuvuka ziwa, hakupakia kitu, na jina lake halimo kwenye hati ya mashtaka, kama hati yenyewe ipo. Anakwenda kituoni na risiti ya duka mkononi.

"Mzee, wewe ndiye mtuhumiwa?"

"Hapana, afande. Mimi ndiye mwenye injini."

"Basi subiri upelelezi ukamilike."

Upelelezi utakamilika lini? Swali hilo ndilo lililobeba mambo yote. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, iliyotungwa mwaka 1985, inajua vizuri la kufanya na kitu kilichokwisha kutolewa mahakamani kuwa kielelezo. Kifungu cha 353 (natumia namba zilizozoeleka kwenye hukumu, maana Toleo la Sheria la 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, limepanga upya namba za vifungu) kinamruhusu hakimu kuamuru kitu hicho kirudishwe kwa anayeonekana kuwa na haki nacho, wakati kesi inaendelea au baada ya kwisha, kwa masharti atakayoona yanafaa. Kikikaa miezi 12 tangu kesi au rufaa imalizike bila mtu kukidai, kinaweza kuuzwa au kuharibiwa, na fedha ikiwepo inaingia Serikalini. Ni mamlaka mapana kuliko wengi wanavyodhani, kwa kuwa hakimu halazimiki kungoja hukumu. Lakini sharti la mlangoni ni moja: kitu kiwe kimeshatolewa katika kesi iliyo mbele ya mahakama. Injini iliyolala stoo ya polisi bila kesi kufunguliwa haijafika mlangoni hapo. Ina askari anayeitunza, ina namba ya jalada la upelelezi, lakini haina hakimu.

Nionavyo mimi, mali nyingi zinazochakaa mikononi mwa dola katika mwambao huu wa Ziwa Tanganyika hazijawahi kukataliwa na mahakama yoyote, kwa kuwa hakuna mahakama iliyowahi kuziona. Mtu anayetaka mali yake ana kazi moja inayotangulia zote, nayo ni kuhakikisha mali hiyo inaingia kwenye kumbukumbu za mahakama mapema, ikiwa ingali na thamani. Mengine yote, kuanzia ubishi wa nani mmiliki hadi fidia, hufuata hapo.

Karatasi ya usiku wa kwanza

Kifungu cha 38 cha sheria hiyo kinamtaka askari anayechukua kitu katika upekuzi atoe stakabadhi, isainiwe na mwenye nyumba au anayeisimamia, au jamaa yake wa karibu, na mashahidi kama wapo. Polisi wanatumia zaidi hati ya ukamataji mali, na Mahakama ya Rufani katika hukumu kadhaa imekubali kwamba hati iliyosainiwa vizuri yaweza kusimama mahali pa stakabadhi. Hukumu nyingine zimefuta adhabu za watu kwa sababu karatasi hizo hazikuwepo au zilijazwa ovyo. Wanasheria wanazijua kwa ajili ya kumtoa mshtakiwa. Ni wachache wanaozisoma kwa jicho la mwenye mali, ilhali kwake yeye karatasi hiyo ndiyo ushahidi pekee kwamba dola ilipokea kitu fulani, siku fulani, kikiwa katika hali fulani.

Ziwani mambo haya huwa magumu. Kifungu kilimfikiria mtu mwenye nyumba, mlango na jirani. Boti iliyosimamishwa saa nane usiku haina jirani. Aliyemo ni nahodha mwenye hofu, anasaini anapoonyeshwa, na kwenye karatasi panaandikwa "injini moja ya boti, rangi ya kijivu." Injini za rangi ya kijivu kati ya Kagunga na Kalya hazihesabiki. Namba ya injini isipoandikwa usiku ule, mwenye mali atakuja kubishana na stoo nzima. Kwa hiyo mwenye chombo mjanja huipiga picha namba hiyo siku anayonunua, akaiweka kwenye simu mbili, na akifika kituoni hudai kwanza aandikiwe namba ya jalada na aione lebo ya kielelezo. Mwongozo wa Jeshi la Polisi, ule unaojulikana kama PGO, katika agizo la 229, umepanga yote haya: kuna lebo ya PF 145 na rejesta ya vielelezo ya PF 16, na kila kielelezo kinapohama mkono mmoja kwenda mwingine yapasa iandikwe. Mwaka 2009, katika rufaa ya Paulo Maduka na wenzake dhidi ya Jamhuri, Mahakama ya Rufani iliweka msisitizo mkubwa juu ya mnyororo huo wa utunzaji. Kesi ile ilihusu uzito wa ushahidi, lakini rejesta inayomsaidia mshtakiwa kupinga ushahidi ndiyo inayomsaidia mwenye injini kuuliza propela iliondokea mkono wa nani.

Umiliki nao una ngazi zake. Pikipiki ina kadi. Injini ina risiti, kama haijaliwa na mchwa. Mtumbwi una leseni ya uvuvi au usajili wa chombo. Nyavu na karabai hazina chochote zaidi ya maneno ya aliyeuza. Na hata kadi haimalizi ubishi. Kijana wa bodaboda ya mkataba ambaye amelipa hesabu ya kila siku kwa mwaka mzima na kubakiza miezi michache pikipiki iwe yake, kwenye kadi hayumo. Akikamatwa, anayeonekana kuwa na haki ni tajiri wake, na hapo mahakama inaweza kurudisha chombo kwa mtu ambaye hata hakujua kimekamatwa.

Nani amekamata

Watu husema "polisi wamechukua" hata pale ambapo aliyechukua si polisi. Tofauti hiyo ina gharama. Mzigo uliokamatwa na Mamlaka ya Mapato (TRA) unaangukia Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004, ambako mwenye mali ana mwezi mmoja tu wa kuandika dai lake. Ukipita, mzigo unahesabika kuwa umekwisha kutaifishwa, na hakuna hakimu atakayesikiliza habari za mtu aliyekuwa akiambiwa njoo wiki ijayo. Kwa injini ya mfano wetu, kuuliza ni kosa gani na ni mkono wa nani ulioishika ni jambo la siku ya kwanza.

Maofisa uvuvi wanatumia Sheria ya Uvuvi ya mwaka 2003, askari wa wanyamapori wanatumia ile ya mwaka 2009, wa misitu wana yao ya 2002. Sheria hizi zina mlango wa kufifilisha kosa: unakiri kwa maandishi, unalipa, mambo yanaishia hapo. Kwa mfugaji ambaye mifugo yake imeingia pori la akiba la Moyowosi, hesabu iliyozoeleka ni shilingi 100,000 kwa kila ng'ombe. Kundi la ng'ombe 150 ni shilingi milioni 15, zilipwe upesi, maana ng'ombe waliofungiwa zizini bila malisho wanakonda na kufa huku mwenyewe akihangaika kuuza shamba. Akikataa kukiri na kwenda mahakamani, sheria ya 2009 inaruhusu mahakama kutaifisha kundi zima ikimtia hatiani. Siwezi kumlaumu anayekiri. Ila ajue kwamba saini ile inafunga karibu kila njia ninayoieleza hapa, kwa kuwa baada ya kukiri hakuna tena ubishi wa kupeleka kwa hakimu. Mwaka 2013 Operesheni Tokomeza, ya kupambana na ujangili, ilisitishwa baada ya malalamiko ya mateso, mauaji na mifugo iliyopotea, na Desemba mwaka huo mawaziri wanne waliondoka. Uwajibikaji wa kisiasa ulikuja ndani ya miezi michache. Mtu mmoja mmoja aliyedai ng'ombe wake alibaki na njia zilezile za kawaida.

Dagaa hawangoji

Sehemu hii ndiyo inayoonyesha vizuri zaidi uhusiano wa mali na muda. Dagaa wabichi waliovuliwa usiku wakishuka Katonga au Kibirizi alfajiri, wanatakiwa wawe juani au kwa mchuuzi kabla ya adhuhuri. Kesi ya haraka kabisa haiwezi kuwahi dagaa. Kinachoweza kurudishwa hapa ni fedha, na fedha hiyo itapatikana kama kuna mtu aliyeandika uzito na bei siku ya kwanza.

Sheria imeliona hilo. Kifungu cha 353 kinaruhusu mahakama kuamuru kitu kinachoharibika kiuzwe, na fedha zishikwe na mahakama mpaka ijulikane ni za nani. PGO 229 inaongeza jambo la maana sana: kielelezo kinachooza kipelekwe kwa hakimu pamoja na mtuhumiwa, hakimu akione, aamuru kiondolewe, na ikiwezekana kipigwe picha. Mahakama ya Rufani ililisimamia agizo hilo kwa ukali katika Rufaa ya Jinai Namba 385 ya mwaka 2017, iliyosikilizwa Mtwara, kesi ya nyara za Serikali. Nyara zilikuwa zimeteketezwa kwa amri ya hakimu bila mshtakiwa kuwepo na kusikilizwa, na orodha iliyotengenezwa siku ile ikakosa nguvu ya kumtia hatiani. Kanuni ni kwamba mtu awe na nafasi ya kusema neno kabla kitu chake hakijatoweka. Sioni kwa nini kanuni hiyo ilinde nyama ya porini isilinde tenga la migebuka.

Kwenye mialo, samaki waliokamatwa hugawiwa: shule, hospitali, magereza, vituo vya yatima. Ni jambo jema machoni, na samaki kuoza stoo hakumsaidii mtu. Lakini kugawa si kuuza, na mgawo hauachi fedha ya kumrudishia mtu akishinda. Mfano mkubwa kuliko yote nchini ni meli ya Tawariq 1, iliyokamatwa Machi 2009 katika ukanda wetu wa uchumi baharini ikiwa na karibu tani 300 za samaki, wengi wao jodari. Watanzania waliwaita samaki wa Magufuli, kwa kuwa John Magufuli ndiye aliyekuwa Waziri wa Mifugo na Uvuvi. Samaki waligawiwa taasisi za umma. Mwaka 2012 Mahakama Kuu iliwatia hatiani nahodha na wakala wa meli. Mwaka 2014 Mahakama ya Rufani ikaufuta mwenendo na hukumu. Samaki walikuwa wameshaliwa miaka kadhaa nyuma, na meli ilikuwa imechakaia bandarini. Mtu aweza kuamini kabisa kwamba meli ile ilikuwa inatuibia, na bado akaona tatizo: dola ilitumia mali kabla haijashinda kesi, ikashindwa kesi.

Nyavu zina msiba wao. Haziozi, lakini huchomwa moto. Mwaka 2018, Luhaga Mpina akiwa waziri wa uvuvi, Operesheni Sangara dhidi ya uvuvi haramu kwenye Ziwa Victoria iliteketeza nyavu kwa wingi, na Juni mwaka huo maofisa walifika na rula hadi kantini ya Bunge Dodoma, wakapima samaki waliokwisha kupikwa na kutoza faini ya shilingi 300,000. Wabunge walikasirika, na hasira hiyo ilikuwa na haki yake, ingawa wavuvi waliokuwa wakipimiwa samaki miezi yote hiyo hawakuwa na ukumbi wa kukasirikia. Ziwa Tanganyika lilifungwa kwa uvuvi Mei 15 hadi Agosti 15, 2024, na katika miezi hiyo wavu uliokutwa majini ulikuwa ushahidi tosha wa kosa. Hata hivyo wavu halali uliokutwa nyumbani si ule uliokutwa majini, na anayetofautisha nyavu hizo mbili anapaswa kuwa hakimu, kabla ya kiberiti.

Pikipiki uani

Ukipita nje ya kituo chochote kikubwa cha polisi nchini utaziona: pikipiki zimepangwa uani, matairi yamekaa chini, viti vimechanwa na jua, baadhi hazina vioo wala betri, nyasi zimepenya kwenye spoku. Nyingi zilikamatwa kwa makosa ya barabarani ambayo tangu bajeti ya mwaka 2021 faini yake kwa bodaboda ilishushwa kutoka shilingi 30,000 hadi 10,000. Chombo cha milioni mbili na ushee kinaozea faini ya elfu kumi. George Simbachawene, akiwa Waziri wa Mambo ya Ndani, aliwahi kuelekeza kwamba pikipiki ya kukaa kituoni ni ile iliyohusika na uhalifu, iliyopata ajali, au isiyo na mwenyewe. Lilikuwa agizo zuri. Agizo la waziri, hata hivyo, si kitu cha kusimama nacho mbele ya hakimu, na waziri akibadilishwa linaondoka naye.

Mwisho wa nyingi ya pikipiki hizi ni tangazo la kuwataka wenye mali waje kuzitambua, kisha mnada. Wapo wasiokwenda hata wakilisikia tangazo, kwa sababu deni la faini, gharama za kuitengeneza na hofu ya kuulizwa leseni vimeshapita bei ya pikipiki yenyewe.

Kusubiri kesi isiyokuja

Mwaka 2022 sheria ilibadilishwa ili mtu asifikishwe mahakamani kabla upelelezi haujakamilika, isipokuwa kwa makosa makubwa. Yalikuwa mabadiliko mema, yaliyozaliwa na kilio cha mahabusu waliokaa miaka wakiambiwa upelelezi bado. Ila yana upande usiozungumzwa. Zamani kesi ilifunguliwa haraka, na hata ikisuasua kulikuwa na hakimu wa kumwendea. Sasa mtuhumiwa yuko nje kwa dhamana ya polisi, jalada liko kwa wapelelezi au kwa wakili wa Serikali, na mali imebaki kituoni pasipo kesi yoyote. Uhuru wa mtu umepata ulinzi, na mali yake imerefushiwa kifungo.

Katika hali hiyo mwenye mali anaweza kufungua maombi madogo kwenye mahakama ya wilaya au ya hakimu mkazi, akiambatanisha hati ya kiapo, akiomba mali irudishwe au polisi waeleze kwa nini wanaishikilia. Pingamizi la kutarajia ni kwamba hakuna kesi, kwa hiyo hakuna kielelezo, kwa hiyo kifungu cha 353 hakijafunguka. Hata hivyo maombi yenyewe yana faida ambayo haimo kwenye amri inayoombwa. Wakili wa Serikali analazimika kujibu, na akijibu analazimika kulitafuta jalada. Barua kwa mkuu wa upelelezi wa wilaya, nakala kwa ofisi ya mashtaka ya mkoa, nayo ina kazi hiyohiyo kwa gharama ndogo zaidi, mradi iwe na muhuri wa kupokelewa.

Kuna pia kesi zilizofunguliwa zikaondolewa. Mkurugenzi wa Mashtaka anaweza kuiondoa kesi chini ya kifungu cha 91, na kuondolewa huko hakuzuii mashtaka kurudi. Ndiyo sababu kituo hushikilia mali "endapo itahitajika." Na zipo hukumu zinazomwachia mtu huru zikanyamaza kabisa kuhusu vitu vyake. Mtu anatoka mahakamani anashangiliwa na ndugu, wiki inayofuata anaambiwa kituoni alete amri. Dawa ya hili ni rahisi, na inashangaza inavyosahaulika: siku ya hukumu, kabla hakimu hajainuka, mshtakiwa au wakili wake aombe amri ya vielelezo iandikwe. Sentensi moja kwenye hukumu inaokoa miezi.

Mwenye injini wetu, ambaye si mshtakiwa, ana ugumu wa ziada. Nahodha akitiwa hatiani, kifungu cha 351 kinafanya mali iliyokuwa mikononi mwake na kutumika kutenda kosa iweze kutaifishwa. Sheria ya Mazao ya Uhalifu ya mwaka 1991 inampa mtu wa tatu nafasi ya kuonyesha kwamba hakuhusika na kwamba mali aliipata kihalali. Katiba, ibara ya 13(6)(a), inataka mtu asikilizwe kwa ukamilifu haki yake inapoamuliwa, na ibara ya 24 inalinda haki ya kumiliki mali. Hoja anazo. Anachokosa ni taarifa. Hakuna anayempelekea wito, kwa kuwa kesi si yake. Inambidi ajue tarehe, aende, asimame, aseme "mheshimiwa, injini hiyo ni yangu," na hilo litokee kabla amri haijatolewa. Akichelewa, kinachobaki ni kuiomba Mahakama Kuu ipitie mwenendo ule. Angalau siku hizi mkoa wa Kigoma una masjala yake ya Mahakama Kuu. Miaka si mingi iliyopita ilimbidi mtu apande treni kwenda Tabora.

Kuishitaki Serikali

Njia ya madai ipo. Kuzuia mali ya mtu isivyo halali ni kosa la madai tulilolirithi kwenye sheria ya Kiingereza, na ukomo wake ni miaka mitatu. Lakini chini ya Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali, Sura ya 5, lazima utoe notisi ya siku 90, umuunganishe Mwanasheria Mkuu wa Serikali, na ufungue Mahakama Kuu. Mtu anayedai pikipiki ya milioni mbili anakwenda mahakama ileile anayokwenda anayedai mgodi. Akishinda, hawezi kumtuma dalali akamate gari la polisi; anapewa hati ya hukumu ya kupeleka Hazina, kisha anasubiri. Kwa injini mpya au lori, hesabu yaweza kulipa. Kwa nyavu na baiskeli hailipi hata kidogo, na wakili mwaminifu atakwambia hivyo kabla hajapokea shilingi yako. Kuna pia kuomba Mahakama Kuu imwamuru ofisa wa umma atimize wajibu wake. Njia hii ni ya haraka zaidi, ila kibali chake huombwa ndani ya miezi sita, na inafaa pale tu ambapo wajibu hauna ubishi, kwa mfano amri ya mahakama ipo na kituo kimeipuuza.

Wenzetu wamepita hapa. India, ambayo sheria yake ya jinai ni ndugu wa damu wa hii yetu, ilikuwa na viwanja vya polisi vilivyojaa magari mabovu hadi Mahakama yake ya Juu, mwaka 2002, katika shauri la Sunderbhai Ambalal Desai, ikasema inatosha. Gari lipigwe picha, ziandikwe kumbukumbu zake, mwenyewe asaini dhamana ya kulirudisha likihitajika, apewe. Na jambo hilo lifanyike ndani ya siku 15 hadi mwezi mmoja. Picha na kumbukumbu zitumike kesini badala ya chuma chenyewe. Uingereza ina sheria ya mwaka 1897 inayomruhusu mtu kwenda kwa hakimu wa ngazi ya chini kabisa kudai mali iliyo mikononi mwa polisi, hata kama hakuna aliyeshitakiwa. Mwaka 2001 mahakama yao ya rufaa ilikwenda mbali zaidi katika shauri la Costello: polisi walishikilia gari wakiamini ni la wizi, mwenyewe halisi hajulikani, wakaambiwa wamrudishie waliyemnyang'anya, kwa kuwa muda wao wa kulishikilia kisheria ulikwisha na kushuku hakuwafanyi wao kuwa wamiliki. Sijui kama hakimu wetu angethubutu. Lakini mlango ule wa 1897, wa hakimu wa chini asiyehitaji kesi ya jinai kuwepo, ndio hasa unaokosekana hapa, na kuuweka kunahitaji kifungu kimoja tu cha Bunge. Tume ya haki jinai iliyoongozwa na Jaji Mkuu mstaafu Mohamed Chande Othman, iliyokabidhi ripoti Julai 2023, ilipendekeza mageuzi makubwa, kikiwemo chombo huru cha upelelezi. Kifungu hiki ni kidogo kuliko hayo na kingegharimu kidogo.

Wakati kifungu hicho hakijaja, mahakimu wa Kigoma tayari wana neno "masharti" ndani ya kifungu cha 353. Injini ikishatolewa kuwa kielelezo yaweza kupigwa picha, namba yake kuandikwa, mwenyewe kusaini dhamana pamoja na mdhamini wa mtaa wake, na kuendelea kufanya kazi huku kesi ikiunguruma. Asiuze, asivushe ziwa, ailete ikihitajika. Hilo linahitaji mtu aombe, na wakili wa Serikali asipinge kwa mazoea tu.

Bado yuko mwenye mali ambaye hata hilo halimfikii. Baadhi ya injini zinazokamatwa upande wetu zina wenyewe nchi jirani, Kalemie, Uvira au Rumonge, walioziuza au walioibiwa. Huyo ana risiti ya Kifaransa, hana ndugu Kigoma wa kumfuatilia jalada, na hawezi kuvuka kila tarehe ya kutajwa. Kifungu cha 353 hakimpi polisi wala upelelezi muda wowote wa kikomo. Muda kilioutaja ni ile miezi 12 baada ya kesi kwisha, ambayo inahesabika dhidi ya mwenye mali, na tangazo linabandikwa kwenye ubao wa mahakama, Kigoma mjini.